Hakuna milioni 3 za moja kwa moja kwa aliyefariki barabarani

Kila ajali mbaya ikitokea Kenya, ujumbe uleule hurudi kwenye magrupu: kila familia iliyofiwa inalipwa na bima shilingi milioni 3, peleka tu cheti cha kifo.

Tarakimu hiyo imo kweli katika sheria ya bima ya magari, Sura ya 405, kifungu cha 5. Mkanganyiko ulianzia hapo. Lakini milioni 3 ni kikomo cha bima ya lazima kwa mtu mmoja. Haimaanishi kila familia italipwa kiasi hicho.

Fidia hukokotolewa. Chukua marehemu aliyebaki na shilingi 20,000 kwa mwezi baada ya makato. Zidisha kwa 12, kisha kwa miaka ambayo jaji anakadiria angeendelea kuitegemeza familia, tuseme 15, halafu chukua theluthi mbili, sehemu ambayo mara nyingi huhesabiwa kuwa ya wategemezi: 2,400,000. Gharama za mazishi huongezwa; marehemu akionekana alichangia ajali, fidia hupunguzwa. Na kwanza lazima kosa la dereva lithibitishwe.

Ukitaka kuhakikisha, soma hukumu za kesi hizi mtandaoni, ni bure. Hesabu huandikwa hatua kwa hatua. Ujumbe ule usiusambaze tena, tafadhali. Aliyefiwa akiuamini hungoja hundi nyumbani, ilhali muda wa wategemezi kufungua kesi ni miaka 3 tangu kifo.