Samurai hawakumalizwa na panga, walimalizwa na madeni

Nikiuliza watu samurai, wale wapiganaji wa Japani ya zamani, waliishia wapi wananijibu waliishia vitani, sababu ya muvi walizoangalia. Mimi nafundisha historia na hili linaniuma kweli, maana nyumba nyingi za samurai zilikuwa hoi kwa madeni miaka mingi kabla sheria haijawagusa.

Enzi za Tokugawa, ukoo uliotawala Japani (1603 mpaka 1868), samurai alikuwa mtumishi wa bwana wake, analipwa kwa mchele, na kiwango kinafuata cheo cha ukoo. Sasa huyu mtu anakaa mjini chini ya ngome, kila kitu hela taslimu, lazima auze mchele, bei ikishuka imekula kwake, na bwana naye akikwama anakata sehemu ya malipo eti amekopa.

Chukulia familia ya Inoyama, wahasibu wa jimbo la Kaga pale mjini Kanazawa. Watu wa hesabu kabisa hawa, kazi yao soroban, ile fremu ya shanga za kuhesabia, lakini kufika 1842 walikuwa wanadaiwa karibu mara mbili ya kipato chao cha mwaka. Hela ilikuwa inaishia kwenye heshima jamani, mara mtumishi wa kuongozana na mzee akitoka, mara zawadi za ndugu, mara mazishi, na huwezi kuacha hata kimoja maana utaonekana umeshuka cheo. Wakauza nguo, wakauza vyombo vya chai, wakakaa chini na wadai wao. Ikafika sherehe ya mtoto mdogo wa nyumba hiyo, mezani panatakiwa yule samaki mwekundu wa shughuli, hela hamna. Wakaweka samaki wa kuchora.

Serikali ya Meiji, ile mpya ya mfalme iliyochukua nafasi ya Tokugawa, ilipokuja mambo yakaenda mbio, 1871 majimbo ya mabwana yakafutwa, 1873 jeshi likaanza kuandikisha vijana wa tabaka lolote, 1876 kutembea na upanga marufuku na malipo ya mchele yakageuzwa hatifungani, yaani karatasi za deni la serikali. Wengi wakajaribu biashara wasiyoijua, wakafilisika. Wengine wakashika silaha dhidi ya serikali 1877 wakiongozwa na Saigo Takamori, samurai wa jimbo la Satsuma kusini mwa Japani, wakashindwa.

Kijana wa kina Inoyama naye alikuwa wa soroban kama baba yake. Jeshi jipya la majini lilikuwa linatafuta wahasibu, likamchukua, na mshahara wake ukawaacha mbali ndugu zake waliobaki Kanazawa.