Mipaka ya Maeneobunge: Someni Hesabu Kabla ya Kutia Saini

Tangu mjadala wa kuchora upya mipaka ya maeneobunge uanze kushika kasi nchini Kenya, meza yangu imejaa barua. Nyingi zina kurasa tele za saini na ombi la sentensi moja: tunataka eneobunge letu. Nia ya waandishi sina shaka nayo. Lakini barua kama hiyo haimpi mchora mipaka kitu chochote cha kushika.

Maeneobunge ni 290. Idadi hiyo imeandikwa kwenye Katiba, Kifungu cha 89, na Tume Huru ya Uchaguzi na Mipaka haina uwezo wa kuongeza hata moja. Mwaka 2012 yaliongezeka kutoka 210 kwa sababu Katiba mpya ilikuwa imetoa nafasi 80. Ndipo, huko Mombasa, Nyali ikatoka Kisauni, na Jomvu ikatoka Changamwe. Safari hii hakuna nafasi mpya. Eneobunge likizaliwa upande mmoja, jingine litafutika upande mwingine. Nimelieleza hili barazani mara nyingi, na bado naulizwa ni lini "tutapewa letu".

Kinachohesabiwa ni watu, wala si wapiga kura waliosajiliwa. Mtoto wa jana yumo. Sensa ya 2019 ilipata watu 47,564,296. Gawanya kwa 290, unapata kama 164,015 kwa kila eneobunge. Katiba inaruhusu kupanda au kushuka kwa asilimia 30, na kwa majiji na sehemu zenye watu wachache asilimia 40, yaani kuanzia 98,409 hadi 229,621.

Sasa tazama pwani yetu. Kisauni ilikuwa na watu 291,930, Likoni 250,358. Zote zimepita kiwango cha juu. Lamu Mashariki ilikuwa na watu 22,258. Wote hao wana mbunge mmoja mmoja, kwa hiyo sauti ya mtu wa Kisauni bungeni ni kama moja ya kumi na tatu ya sauti ya mtu wa Faza, huko Lamu Mashariki. Hilo si haki, na nalisema wazi.

Lakini si haki pia kuisoma Lamu kwa kikokotoo peke yake. Lamu Mashariki ni kisiwa cha Pate, ni Kiunga iliyo jirani na mpaka wa Somalia, ni Basuba kwenye msitu wa Boni. Mtu wa Pate akitaka huduma mjini Lamu hutazama maji kwanza kabla ya saa: yamejaa au yamekupwa? Kusi likivuma, safari huwa ya roho mkononi. Katiba inayajua haya. Inataka yazingatiwe maumbile ya nchi, miji, njia za mawasiliano, historia, uchumi na utamaduni wa watu. Ila yana kikomo. Kaunti yote ya Lamu ilikuwa na watu 143,920. Hata ukiigawa nusu kwa nusu, kila upande unapata 71,960, chini ya kiwango kinachoruhusiwa. Mwaka 2012 kulikuwa na kinga: mapitio ya kwanza chini ya Katiba hayakuruhusiwa kufuta eneobunge lililokuwepo. Kinga hiyo ilihusu mapitio ya kwanza tu. Wanaowaambia watu wa Lamu wakae watulie, wanawapoteza.

Mapitio hufanywa kila baada ya miaka isiyopungua 8 wala kuzidi 12. Muda wa juu ulipita Machi 2024, Tume ikiwa haina makamishna. Yakikamilika zikiwa zimebaki chini ya miezi 12 kufikia uchaguzi mkuu, mipaka mipya haitatumika katika uchaguzi huo.

Shikeni sana hili la tarehe. Majina na mipaka hutangazwa kwenye Gazeti Rasmi la Serikali. Asiyeridhika huenda Mahakama Kuu ndani ya siku 30 tangu kutangazwa. Siku 30 hazianzi siku ulipopata habari kwa jirani, wala siku mbunge alipoitisha mkutano. Zinahesabiwa tangu tarehe ya tangazo, na mahakama nayo ina miezi mitatu kuamua tangu kesi ilipowasilishwa. Wapo wanaokuja siku ya arobaini na hoja nzuri kabisa, na hakuna wa kuwasikiliza.

Na tafadhali: mpaka wa eneobunge haugusi hatimiliki ya shamba lako. Kuhamisha usajili wa kura kwa taarifa za uongo ili kujaza eneo nako hakubadilishi hesabu, kwa kuwa kinachotumika ni sensa. Kutakachokuletea ni mashtaka.

Barua moja niliyoipenda ilikuwa ya karatasi mbili. Ya kwanza ilikuwa ramani iliyochorwa kwa kalamu ya wino: vijiji, gati, zahanati, mahali mashua inapokwama maji yakitoka. Ya pili ilitaja kila kijiji, idadi ya watu wake kwenye sensa, soko wanaloliendea na nauli ya kwenda na kurudi. Saini zilikuwa tano. Andikeni hivyo, na muandike upande gani wa mpaka mnataka kila kijiji kiwe.