Falcon 9 haielei hewani kabla ya kutua
Tangu hatua ya kwanza (sehemu ya chini yenye injini) ya Falcon 9, roketi ya kampuni ya SpaceX, itue salama kwa mara ya kwanza, Desemba 2015, wengi wameamini kwamba huning'inia hewani kama helikopta, kisha ikashuka taratibu. Haiwezi. Inaporudi, matangi yamekaribia kukauka, na hata injini moja tu kati ya tisa, ikipunguzwa hadi mwisho, husukuma kwa nguvu inayozidi uzito wa roketi yenyewe. Kwa hiyo injini huwashwa sekunde za mwisho, kwa hesabu kali: mwendo ufike sufuri pale pale miguu minne inapogusa chini. Ikiwashwa mapema, roketi itasimama juu kisha ianze kupaa tena, ikichelewa, itajibamiza. Usukani wakati wa kushuka ni mapezi manne ya wavu, yaani mabapa yenye matundu; Desemba 2018 pampu ya haidroliki, inayoyageuza kwa shinikizo la kimiminika, ilikwama, roketi ikazunguka na kuishia baharini.