Je, wajua kwa nini watoto wa Korea wenye wazazi hai waliandikwa yatima?

Kwa kawaida mtoto huwa yatima akifiwa. Korea Kusini, kwa miongo kadhaa, kulikuwa na njia ya mkato. Karani anachukua karatasi ya usajili wa familia, nafasi ya jina la baba anaiacha wazi, ya mama anaiacha wazi, kisha anamwandika mtoto mchanga peke yake, yeye ndiye mkuu wa kaya yake. Huenda wakati huo mama mzazi yuko mtaa wa pili, maziwa bado yanamtoka.

Walijisumbua hivyo kwa ajili ya nini? Kwanza, viza ya kumpeleka mtoto nje akalelewe na familia ya kigeni. Mwaka 1955 mkulima wa Oregon, Harry Holt, alichukua watoto wanane wa Korea baada ya Bunge la Marekani kumpitishia sheria maalumu, na kuanzia hapo familia nyingi za Marekani na Ulaya zikataka kuasili, yaani kuwafanya watoto hao kuwa wao kisheria. Lakini sheria ya uhamiaji ya Marekani ilitaka mtoto awe yatima, au ametelekezwa, au mzazi pekee aliyebaki hamudu kumlea. Mtoto mwenye wazazi wawili kwenye daftari ni kazi ndefu: watafutwe, waulizwe, watie saini. Aliyeandikwa yatima hana wa kuulizwa. Mkuu wa shirika la uasili ndiye aliyekuwa mlezi wake kisheria, na ndiye aliyeridhia aondoke. Mtoaji na mridhiaji ni mtu mmoja, na ada inalipwa kwa shirika lake. Sijui kama kuna haja ya kueleza zaidi hapo.

Pili, mama wenyewe. Wengi hawakuwa wameolewa, na sheria ya familia ya Korea ilimweka mwanamume kuwa kichwa cha ukoo mpaka utaratibu huo ulipofutwa mwaka 2008. Mtoto wa nje ya ndoa alikuwa aibu, na msaada wa serikali ulikuwa haba. Kusema mama wa namna hiyo “aliamua” kumtoa mwanawe ni kumsingizia. Serikali nayo ilipunguziwa mzigo wa kulea, na fedha za kigeni zikaingia. Watoto wapatao 200,000 walipelekwa nje. Mwaka 1985 pekee walizidi 8,000. Ilipofika michezo ya Olimpiki ya Seoul, 1988, waandishi wa kigeni wakaanza kuuliza maswali yaliyoitia nchi haya.

Lililo baya kuliko yote ni kubadilisha watoto. Faili limeshakamilika, wazazi wapya wameshatumiwa picha, mara mtoto anafariki au jamaa zake wanakuja kumchukua. Kuanza upya kunakula muda na fedha, kwa hiyo anatafutwa mwingine, anapandishwa ndege kwa jina la yule wa kwanza. Miaka arobaini baadaye mtu anakwenda Korea, anapokewa na familia iliyo kwenye faili lake, wanalia pamoja. Kisha kipimo cha DNA kinasema hawana undugu wowote.

Waliolivalia njuga suala hili ni walioasiliwa wenyewe. Waliorudi kuishi Seoul waliungana na akina mama wasio na waume, na kuanzia Agosti 2012 sheria ikawa kwamba mama asubiri siku saba baada ya kujifungua kabla ya kuridhia, na mahakama itoe idhini. Mwaka 2022 Peter Møller, mwanasheria aliyezaliwa Korea na kukulia Denmark, aliwaongoza wenzake kupeleka malalamiko kwenye Tume ya Ukweli na Maridhiano ya Korea Kusini. Walianza Wadenmarki makumi kadhaa. Kabla mwaka haujaisha maombi yalipita 300, kutoka Ulaya, Marekani na Australia. Mmoja wao alikuwa na barua ya shirika lililompeleka Denmark, ikikiri kwamba habari ya uyatima wake ilitungwa ili taratibu ziende.

Watu hupenda kuwauliza: si mlisomeshwa, si mlikula vizuri? Wengine ndiyo, wengine la. Adam Crapser, kwa mfano, aliasiliwa Marekani lakini hakuna aliyemwombea uraia, na mwaka 2016 akafukuzwa kurudishwa Korea, nchi asiyojua lugha yake. Hata aliyelelewa kwa upendo ana haki ya kujua kwamba mama yake hakufa.

Machi 2025 Tume, ikiwa bado haijamaliza maombi yote, iliwatambua 56 kati ya 98 iliowafikia kuwa waliovunjiwa haki, ikasema serikali inawajibika. Oktoba mwaka huohuo Rais Lee Jae-myung aliomba radhi. Mafaili yameanza kuhamishwa kutoka kwa mashirika binafsi kwenda taasisi ya serikali, na balozi za Korea nje huchukua sampuli za DNA. Ila jina na anwani ya mzazi havitolewi mpaka mzazi mwenyewe akubali, na asipopatikana, mlango unabaki umefungwa. Kwa aliyeandikiwa wazazi wa uongo, hata wa kuombwa ridhaa hajulikani ni nani.