Kesi ya jinai na kesi ya madai juu ya kihamba kimoja

Kesi sambamba, kwa sheria za Tanzania, ni pale tukio moja kwenye ardhi linapozaa mashauri mawili kwa wakati mmoja. La jinai huendeshwa kwa jina la Jamhuri, lengo likiwa kumwadhibu mkosaji. La madai unalifungua mwenyewe ili upate haki yako.

Chukua kihamba, yaani shamba la ukoo la Wachagga, cha Marangu, Kilimanjaro. Jirani anang'oa masale, mimea inayopandwa kuonyesha mpaka, anakata migomba na kupanda yake. Ukichukua RB (namba ya taarifa ya tukio) polisi, anaweza kushtakiwa kwa kuingia kwa jinai na kuharibu mali. Ukienda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, Moshi, unaomba litamke kihamba ni cha nani, mpaka unapita wapi, na ulipwe fidia.

Zamani kuwepo kwa shauri moja hakukusimamisha jingine, lakini tangu mabadiliko ya 2023 sheria inataka njia za madai zimalizwe kwanza kabla ya jinai. Tena mahakama ya jinai haiamui umiliki. Jirani akisema kwa msingi wowote wa maana kwamba eneo ni lake, amerithi kwa baba yake, shtaka la kuingia kwa jinai halisimami tena. Mahakama Kuu ilikwisha kusema hivyo katika maamuzi yaliyomo kwenye ripoti za sheria za 1991 na 1992: umiliki ukibishaniwa, kwanza uamuliwe kwa njia ya madai. Kanuni ya Adhabu nayo inamkinga anayetenda akiamini kwa dhati kuwa ana haki, bila nia ya kulaghai.

Hapa ndipo watu wengi wanapoumia. Wanakimbilia polisi wakitaka jirani alale ndani, kesi inakwenda miezi, mshtakiwa anaachiwa, kisha anarudi kijijini akitangaza kwamba mahakama imempa shamba. Si kweli. Kuachiwa maana yake kosa halikuthibitishwa bila kuacha shaka. Kwenye madai kipimo ni chepesi zaidi, nani ushahidi wake una uzito kuliko wa mwenzake. Aliyeshinda jinai anaweza kabisa kushindwa barazani.

Kwa hiyo, ubishi ukiwa wa mpaka au urithi, anza na madai. Tangu mabadiliko ya 2021, Baraza la Kata linasuluhisha tu, halitoi hukumu. Likishindwa ndani ya siku 30 unaweza kwenda la Wilaya, ambalo kwa shauri la kurejesha ardhi lina mamlaka hadi thamani ya shilingi milioni 300. Kama eneo halijapimwa, taja majirani wa pande zote nne na vipimo vya eneo, maana tuzo (amri ya baraza inayotoa haki) isiyoonyesha mipaka haitekelezeki. Usikae mno: muda wa kudai ardhi ni miaka 12. Rufaa kwenda Mahakama Kuu ni siku 45. Ukishapata tuzo na jirani akaingia tena, sasa jinai ina miguu.

Kughushi ni habari nyingine. Mtu akiuza kiwanja cha Njiro, Arusha, kwa sahihi ya marehemu, hilo ni kosa la kupeleka polisi, na dai la kiwanja lipeleke barazani. Ila kifungo cha muuzaji hakikurudishii kiwanja. Hilo bado ni la madai. Na mkataba halisi ukipokelewa kama kielelezo kwenye jinai, utabaki mahakamani, hivyo omba mapema nakala iliyothibitishwa, usije ukasimama barazani mikono mitupu.