Jina la tatu si ukoo

Kazi yangu ni kuwasaidia watu kupanga nasaba zao, na swali linalonijia zaidi hutoka kwa vijana wa asili ya Zanzibar waliozaliwa Uingereza au Oman: "Ukoo wetu wa kina Khamis asili yake wapi?" Hakuna ukoo wa Khamis. Kuna Khamis, babu yako, basi.

Unguja na Pemba mtu ana jina lake, likifuatiwa na la babaake, kisha la babu. Zamani kati yake hukaa bin au binti: Ali bin Juma bin Khamis. Kwenye makaratasi ya siku hizi bin imeondoka, majina yakabaki yanafuatana kimya kimya. Ali akimzaa Salum, mtoto ataandikwa Salum Ali Juma, Khamis keshatoka. Sasa wapelekee watu wa paspoti: pale panapotakiwa jina la ukoo panaingia jina la mwisho. Baba anasafiri kama Khamis, mwanawe kama Juma, na afisa wa uwanja wa ndege wa Heathrow anataka kujua hawa wanahusiana vipi. Mama ndiyo kabisa, maana mwanamke wa kwetu akiolewa haachi jina la babaake.

Mfano tunao Ikulu. Abeid Amani Karume, Rais wa kwanza wa Zanzibar, aliyeuawa tarehe 7 Aprili 1972, alimpa mwanawe jina la Amani, jina la babaake mwenyewe. Mjukuu kubeba jina la babu ni mtindo wa visiwa vyote viwili. Kwa kanuni kamili, mwanawe huyo, Rais wa Zanzibar wa 2000 hadi 2010, angeitwa Amani Abeid Amani. Lakini Karume likaganda. Vivyo hivyo mtoto wa Ali Hassan Mwinyi ni Hussein Ali Mwinyi, wala si Hussein Ali Hassan. Mtu akishakuwa mkubwa, jina alilojulikana nalo haliondoki tena, na hapo ndipo ukoo wa kwenye paspoti unapozaliwa mbele ya macho yetu. Kinyume chake ni mwanasiasa Seif Sharif Hamad. Nchi nzima ilimwita Maalim Seif. Magazeti ya nje yakiandika "Hamad" peke yake, mimi nilikuwa naona wanamzungumza mzee mwingine.

Si kwamba koo hazipo. Wenye asili ya Oman wana Barwani, Riyami, Kharusi, Busaidi, Mazrui, na mtu akikuuliza hilo atasema "kabila lako nani?" Ukiona Ba mwanzoni, kama Bakathir au Bafadhil, tazama Hadhramaut. Wagoa walikuja na majina ya Kireno, kina Gomes na de Souza, waliyoyapata kwa ubatizo huko kwao. Na yule mwanamuziki aliyezaliwa Mji Mkongwe mwaka 1946, Farrokh Bulsara, ambaye dunia inamjua kama Freddie Mercury, jina la ukoo wake linatokana na mji wa Bulsar, Gujarat.

Kwa wenyeji wa shamba, jina lenyewe la mtu ndilo linalosema. Nikisikia Vuai, Simai au Pandu, fikra yangu inakwenda kusini Unguja. Faki, Shaame na Hamad zinanivusha Pemba. Si sheria, watu wameoana na kuhama, lakini mara nyingi napatia.

Halafu kuna majina ya kalenda, na haya ndiyo nnayoyapenda. Juma na Mwanajuma ni wa Ijumaa, Khamis na Mwanakhamis ni wa Alhamisi, Haji huwa wa Mfunguo Tatu, yaani mwezi wa Hija, Mwanaidi wa sikukuu. Kuna bwana aliniletea cheti cha kuzaliwa cha babaake akilalamika kwamba kimekosewa: mzee anaitwa Khamis, na tarehe, ukiirudisha nyuma, inaangukia Jumatano. Nikamuuliza saa. Kazaliwa baada ya magharibi. Basi hakuna kosa, kwa hesabu yetu siku huanza jua likizama, na ule ulikuwa tayari usiku wa Alhamisi. Karani aliandika siku yake, bibi aliyetoa jina akaandika yake.

Pagumu ni kwenye majina kama Mtumwa, Kijakazi, Sikitu. Wapo wanaoyaona wakakunja uso na kukata shauri kwamba babu alikuwa mtumwa. Taratibu. Mama aliyezika watoto aliweza kumpa anayefuata jina la kumdunisha ili kifo kisimtamani, na wazazi waungwana, wasio watumwa, walifanya hivyo pia. Mara nyingine, naam, utumwa ulikuwepo: katika karne ya 19 mabwana walipenda kuwaita watumwa wao Almasi, Feruzi, Marjani, Mabruki, majina ya vito na ya bahati. Wapo wazee ambao hadi leo wakihesabu nasaba huliruka jina la namna hiyo, na mimi siwalazimishi.

Mwimbaji wa taarab Siti binti Saad alizaliwa Fumba, Unguja, akaitwa Mtumwa. Siti, yaani bibi wa heshima, alilipata mjini baada ya sauti yake kuvuma, na mwaka 1928, alipokwenda Bombay kurekodi santuri, alikwenda kwa jina hilo. Binti Saad halikuguswa. Jina la mbele linaweza kubadilika, la baba hubaki.

Kwa hiyo ukitaka nikusaidie, orodha za intaneti za maana za majina ya Kiarabu ziache. Niletee majina manne au matano kwa mfuatano, ukiweza na bin zake, kijiji, na kabila kama lipo. Na muulize shangazi au bibi aliye hai: huyu aliyeitwa hivi, somo wake, yaani yule aliyepewa jina lake, alikuwa nani?