Kanuni si mbinu: neno tunalolitumia vibaya katika hisabati

Mwezi uliopita mama mmoja jirani yangu aliniletea daftari la binti yake wa darasa la saba, kwa kuwa alikuwa ameona jibu sahihi limekatwa kwa wino mwekundu na pembeni pameandikwa: "Hukutumia mbinu." Swali lilihusu mfugaji mwenye kuku na mbuzi, jumla yao vichwa 30 na miguu 84, na mwanafunzi alitakiwa kutafuta idadi ya kila aina. Binti alikuwa amechora viduara 30 kwa mistari mitatu, akakitia kila kimoja vijiti viwili kwa chini, akahesabu miguu 60, akaona miguu 24 bado haijapata mwenyewe, ndipo akaanza kuongeza vijiti viwili viwili, kiduara baada ya kiduara, mpaka miguu ikaisha. Viduara 12 vilikuwa na miguu minne na 18 vimebaki na miwili. Mwalimu alitaka mlinganyo, na alikuwa na haki ya kuutaka, lakini sentensi aliyoiandika pembeni ilisema kinyume cha yaliyokuwa mbele ya macho yake, kwa sababu katika ukurasa ule hapakuwa na kitu kingine isipokuwa mbinu.

Mbinu, katika kutatua maswali ya hisabati, ni namna ya kulikabili swali ambalo mtu bado hajui litatatuliwa kwa njia gani: kuchora, kudhania jibu kisha kulirekebisha, kujaribu kwanza kwa namba ndogo, kuanzia mwisho na kurudi nyuma, au kulilinganisha swali na jingine alilowahi kulitatua. Mbinu inaweza kumfikisha au isimfikishe. Kanuni ni uhusiano au utaratibu uliokwisha kuthibitishwa au kukubaliwa, ambao ukitumika mahali pake bila kukosea hutoa jibu kila mara. Eneo la pembetatu kuwa nusu ya kitako mara kimo ni kanuni.

Maneno haya mawili yana asili zinazotofautiana, na asili hizo zinasaidia kuyatenganisha. Kanuni tumelipata kutoka Kiarabu, na Kiarabu kililipokea kutoka Kigiriki, ambako lilimaanisha fimbo iliyonyooka, ile ambayo fundi huitumia kupimia na kunyooshea kazi yake. Wapenzi wa taarabu asilia ya Zanzibar wanalijua neno hilohilo kama jina la ala yenye nyuzi nyingi inayolazwa na kupigwa kwa vidole, nalo limetoka katika shina lilelile la Kigiriki. Basi kanuni, tangu mwanzo wake, ni kipimo: kipo tayari kabla ya kazi, kimenyooka, na anayekitumia hatakiwi kukibuni upya. Neno mbinu limekulia kwingine kabisa. Tunasema mbinu za kivita na mbinu za uvuvi, na wakati mwingine tunalitumia kwa maana ya hila, kwa sababu popote linapotumika pana jambo lisilojulikana upande wa pili: adui hajatangaza atapita wapi, wala samaki hajasema yuko kina gani. Anayejua kila kitu tangu mwanzo hahitaji mbinu; anahitaji kufuata utaratibu tu.

Wanahisabati wa nje nao wana jozi ya maneno inayofanana na hii. Algorithimu, yaani utaratibu wa hatua zilizopangwa ambazo zikifuatwa humaliza kazi, limetokana na jina la al-Khwarizmi, mwanahisabati aliyefanya kazi Baghdad katika karne ya 9. Heuristiki, yaani elimu ya namna ya kutafuta jibu, limetokana na kitenzi cha Kigiriki chenye maana ya kupata au kugundua, kitenzi kilekile anachosimuliwa Archimedes kukipaza alipotoka birikani. Aliyelirudisha neno hilo kwa walimu wa shule ni György Pólya, aliyezaliwa Budapest mwaka 1887 na kufundisha Zurich kabla ya kuhamia Marekani. Katika kitabu chake cha mwaka 1945 aliigawa kazi ya kutatua swali katika hatua nne: kulielewa swali, kupanga namna ya kulitatua, kutekeleza mpango, na kuitazama upya kazi iliyokwisha kufanyika. Kwa mgawanyo huo, mbinu huhitajika zaidi katika hatua ya pili na kanuni hutumika zaidi katika hatua ya tatu. Hivyo anayefundisha kanuni peke yake amemwachia mwanafunzi avuke hatua ya pili bila msaada.

Neno linalopotoshwa zaidi katika mkondo huu ni MAGAZIJUTO. Kila aliyesoma shule ya msingi Tanzania analikumbuka: mabano, gawanya, zidisha, jumlisha, toa. Nimelisikia likiitwa mbinu katika masomo ya ziada, katika video za simu, na hata na walimu ninaowaheshimu sana. MAGAZIJUTO si mbinu. Ni kifupi cha kukumbukia makubaliano kuhusu mpangilio wa matendo, na makubaliano hayo yaliwekwa ili watu wawili wanaosoma 2 + 3 × 4 wapate 14 wote wawili, asiwepo mmoja wa kupata 20. Haimsaidii mtu kutafuta chochote, inamsaidia kusoma kilichoandikwa. Kwa kuwa imeitwa mbinu, wengi wanaifuata herufi kwa herufi wakiamini kwamba kujumlisha hutangulia kutoa daima, na wakipewa 10 − 4 + 3 hujumlisha 4 na 3 kwanza, wakatoa 7 kwenye 10 na kuandika 3. Jibu ni 9, kwa sababu kujumlisha na kutoa vina daraja moja na hufanywa kwa kufuatana kutoka kushoto kwenda kulia, kama ilivyo kwa kugawanya na kuzidisha.

Upotoshaji wa pili una madhara makubwa zaidi, nao ni kuyaita mbinu yale maneno ya kukariri katika hesabu za mafumbo: ukiona "jumla" jumlisha, ukiona "zaidi" jumlisha, ukiona "baki" toa. Mpe mwanafunzi aliyefundishwa hivyo sentensi hii: "Asha ana maembe 12, nayo ni 5 zaidi ya maembe ya Juma, Juma ana maembe mangapi?" Ataliona neno "zaidi" na kuandika 17, ilhali Juma ana 7. Alichofundishwa kinampa ruhusa ya kutolisoma swali, wakati kila mbinu ya kweli huanza kwa kulisoma. Huko Grenoble, Ufaransa, watafiti waliwahi kuwauliza watoto wa shule ya msingi umri wa nahodha wa meli yenye kondoo 26 na mbuzi 10, na kati ya watoto 97 waliohojiwa, 76 walitoa jibu kwa kuzichanganya namba zilizotajwa. Watoto wale walikuwa na matendo ya kutosha mkononi. Walichokosa ni mazoea ya kujiuliza kama swali lina maana.

Sehemu ya mkanganyiko huu, nadhani, inatoka katika andalio la somo. Pale tumezoea kuandika "mbinu za kufundishia na kujifunzia", kisha tunajaza bungua bongo, majadiliano ya vikundi, maswali na majibu. Hizo ni mbinu za mwalimu za kuendesha kipindi, na ni halali kuitwa hivyo, kwa kuwa naye hajui kipindi kitakwendaje. Lakini darasa linaweza kukaa katika vikundi vya watoto sita sita kwa dakika 40 na lisijifunze hata mbinu moja ya kutatua swali, iwapo kilichojadiliwa vikundini ni kanuni iliyoandikwa ubaoni. Neno "kujifunzia" limekaa pale kwa miaka mingi, na mara chache linajazwa kitu ambacho ni cha mwanafunzi mwenyewe.

Sidai kwamba kanuni hazina thamani. Binti yule akipewa vichwa 3,000 hatachora viduara, na hapo mlinganyo utamwokoa. Tena, ukiutazama mlinganyo huo utaona ni mchoro wake ulioandikwa kwa herufi, kwa maana kudhania kwamba wote ni kuku kisha kuigawa miguu iliyozidi kwa mbili ndiko kunakofanyika ndani yake. Nilimwambia mama yake asimpinge mwalimu, ila amwombe kwa heshima abadilishe neno moja tu pembeni ya jibu lile, liwe "Hukutumia mlinganyo", kwa kuwa hilo ni kweli, na mtoto ataelewa kwamba ametakiwa kuongeza kitu juu ya alichokuwa nacho.